Tatyana Samoilova na Usawiri wa Mwanamke Asiyejitetea

Baina ya waigizaji wa kike wa sinema ya Kisovieti waliochomoza baada ya kifo cha Stalin mwaka 1953, Tatyana Samoilova hutajwa sana na kuhakikiwa kidogo. Jina lake limefungamana na filamu moja, Letyat Zhuravli, yaani Korongo Wanaruka, iliyoelekezwa na Mikhail Kalatozov mwaka 1957 kutokana na tamthilia ya Viktor Rozov, na iliyotunukiwa Mtende wa Dhahabu huko Cannes mwaka 1958. Wahakiki walio wengi huisifu kamera ya Sergei Urusevsky. Sifa hizo ni za haki, ila zimemfanya mwigizaji aonekane kama kitu kilichopigwa picha tu.

Samoilova alizaliwa Leningrad mwaka 1934. Babake, Yevgeny Samoilov, ndiye aliyeigiza kamanda Shchors katika filamu ya Dovzhenko ya mwaka 1939, mhusika ambaye ni kielelezo halisi cha shujaa aliyedaiwa na uhalisia wa kijamaa: hana shaka, hana doa. Bintiye alijijengea jina kwa kumwigiza mwanamke mwenye vyote viwili.

Mwanamke wa filamu za vita alitarajiwa kungoja. Veronika hangoji. Mchumba wake, Boris, anakwenda vitani kwa hiari. Mabomu yanawaua wazazi wake. Naye anaolewa na Mark, binamu ya Boris. Msuko huu ungeweza kabisa kuzaa mhusika bapa, yaani msaliti wa kulaaniwa au mhanga wa kuhurumiwa. Samoilova anaziepa njia zote mbili. Anapopanda mbio ngazi za jengo linaloungua na kufungua mlango wa nyumba yao, mbele yake hamna chumba, ila uwazi na saa ya ukutani ingali ikihesabu. Uso wake hautoi kilio kinachotarajiwa. Unatoa bumbuazi, na ni bumbuazi hilo analolibeba hadi kwenye ndoa yake. Hospitalini Siberia, babake Boris, ambaye ni daktari, anamtuliza askari aliyeachwa na mchumba kwa kuwashutumu wanawake wa aina hiyo. Veronika anasikia. Hatetewi wala hajitetei, na mtazamaji anaachiwa mzigo wa hukumu. Hapa ndipo fani ya Samoilova ilipo, na hakuna kamera iwezayo kuitenda kwa niaba yake.

Mwisho wa filamu una udhaifu. Hotuba ya Stepan kituoni inarudisha itikadi kwa mlango wa nyuma, kwamba huzuni ya mtu binafsi iyeyuke katika furaha ya umma. Veronika anawagawia wageni maua yake kama inavyotakiwa, lakini machozi yake hayakubaliani kikamilifu na hotuba.

Kilichofuata ni kifupi. Mwaka 1960 ilitoka filamu nyingine ya Kalatozov na Urusevsky, Barua Isiyotumwa, ambamo moto wa msitu umepewa nafasi kubwa kuliko wahusika. Mwaka 1967 akawa Anna Karenina katika filamu ya Aleksandr Zarkhi, huku Vronsky akiigizwa na Vasily Lanovoy, aliyewahi kuwa mumewe, jambo lililowavutia waandishi wa magazeti kuliko wahakiki. Zarkhi anaiheshimu mno riwaya ya Tolstoy. Mavazi na kumbi vinaongea kuliko watu, na Samoilova anapata nafasi yake pale tu Anna anapokuwa peke yake. Baada ya hapo alipata majukumu machache, na kuanzia katikati ya miaka ya 1970 yakakaribia kukoma. Hili halielezeki kwa upungufu wa kipaji. Studio zote zilikuwa za dola, na miswada iliyomhitaji mwanamke asiyehukumiwa haikuwa mingi. Mwigizaji wa aina yake hakuwa na mlango mwingine wa kubisha.

Alifariki Moscow tarehe 4 Mei 2014, siku aliyotimiza miaka 80. Cheo cha Msanii wa Umma wa Urusi alikipata mwaka 1993, miaka miwili baada ya kusambaratika kwa Muungano wa Kisovieti.