Mguu wa Fundi Cherehani: Namna ya Kumpima Mtangazaji wa Mpira Redioni

Fundi aliyetushonea sare za shule kule Tabora alikuwa na redio ya betri nne. Kifuniko cha betri kilishapotea, kwa hiyo aliifunga kwa raba ya tyubu ya baiskeli. Siku ya mechi baraza lake lilijaa watu wazima, nasi watoto tulisukumwa chini kabisa, karibu na pedeli ya cherehani. Ndivyo nilivyoanza kusikiliza mpira: redio iko juu ya kichwa changu, na mbele ya macho yangu mguu wa mtu mzima unakanyaga.

Mpira ukiwa katikati ya uwanja, mguu ulikanyaga polepole. Ukipelekwa kwa winga, ulikazana. Krosi ikimiminwa, mguu ulisimama na sindano ikabaki imechoma kitambaa. Kisha likaja bao, au likaja lile neno tunalolijua wote: "lakini". Miaka ilipita kabla sijaelewa kwamba mguu ule ulikuwa unampima mtangazaji. Akitangaza hodari, mguu ulisimama kabla ya bao. Akitangaza dhaifu, bao lilimkuta fundi bado anakanyaga, na mshono ukaenda kombo.

Tangu hapo sina kipimo kingine. Mtangazaji bora ni yule anayekufanya ulione bao linakuja. Anayekuletea habari kwamba bao limefungwa ni tarishi tu.

Ili ulione linakuja, lazima ujue mpira uko wapi. Hili lilijulikana tangu siku ya kwanza. Tarehe 22 Januari 1927, BBC ilipotangaza moja kwa moja mechi ya ligi kati ya Arsenal na Sheffield United pale Highbury, iliyoisha 1-1, gazeti la Radio Times lilichapisha mchoro wa uwanja uliogawanywa katika miraba 8 yenye namba. Msikilizaji aliuweka mchoro mapajani. Teddy Wakelam alieleza mchezo, na pembeni yake sauti ya pili ilitaja namba ya mraba ambao mpira ulikuwamo. Siku hizi hakuna mwenye mchoro mapajani, hivyo mtangazaji anapaswa kuuchora kwa maneno, na kuuchora upya kila baada ya muda mfupi, maana picha ya masikioni hufutika upesi.

Msikilize dakika tano za kwanza. Amekuambia nani anashambulia lango lipi? Amesema yeye amekaa upande gani, kwamba Simba wenye jezi nyekundu wanatoka kulia kwake kwenda kushoto? Baada ya mapumziko amekukumbusha kwamba wamebadilishana magoli? Asiyefanya hivyo atakuwa anasema "upande wa kulia" mchana kutwa, nawe usijue ni kulia kwa nani. Lugha yetu imempa alama za kutosha: mstari wa kati, duara, bendera ya kona, nje kidogo ya kumi na nane, ndani ya sita. Mjuzi wa kazi hazitaji kwa mapambo. Anazitaja kama kondakta anavyotaja vituo, ili kila abiria ajue amefika wapi.

Hapa Kiswahili kinamsaidia mtangazaji kwa namna ambayo wengi wetu hatujaitafakari. Mchezaji ni "a", mpira ni "u". "Anaingia" ni mtu. "Unaingia" ni mpira. Silabi hiyo moja inatosha kukuambia kama mpira bado uko mguuni au umeshaachiwa. Sikiliza mtu anayejua kazi: "Wa kurusha, upande wa kulia, hatua kama kumi kutoka bendera ya kona. Unarushwa kwa kiungo, anamrudishia beki, beki anainua kichwa, anamimina, unapita mtu wa kwanza, unapita wa pili..." Hajasema neno "hatari" hata mara moja, lakini wewe umeshaacha kutafuna. Alipotoka kwenye "anamimina" kwenda "unapita", uliuona mpira ukiwa hewani. Kisha msikilize mwenzake: "Anakwenda, anakwenda, hatari hiyo, hatari kwelikweli, loo, jamani!" Nani anakwenda? Wapi? Na mpira anao? Huyu amekupa jasho lake tu, mchezo amebaki nao mwenyewe.

Vivyo hivyo na nyakati za vitenzi. Mtangazaji aliye sambamba na mpira husema "anapiga". Aliyechelewa nukta moja husema "amepiga". Anayesema "alipiga" anakusimulia jambo lililokwisha, na kelele za uwanja zimeshakufikishia habari kabla yake. Keti na redio kipindi kizima uhesabu ni mara ngapi "-na-" imegeuka kuwa "-li-" mpira ukiwa ungali unachezwa. Hilo litakueleza mengi kuliko sifa zote utakazosikia mtaani kuhusu mtangazaji huyo.

Sauti nimeiweka baadaye makusudi, ingawa watu wengi huanza nayo. Sauti nzuri ni neema, lakini ninachokitafuta ni ngazi. Anayefungua mechi kwa sauti ya juu kabisa hana pa kupandia dakika ya 80. Mzuri ana sauti ya mpira wa nyuma, sauti ya kuvuka mstari wa kati, sauti ya nje ya kumi na nane, na moja ambayo ameiweka akiba. Hata aliye chumba cha pili, asiyesikia maneno, anajua mpira umefika wapi. Kosa nisilomsamehe mtu ni kuanza kuvuta "gooo..." halafu mpira ukaenda nje. Akifanya hivyo mara mbili, msikilizaji hamwamini tena, na hata bao la kweli likija litapokewa kwa mashaka. "Lakini" lazima isemwe mapema na kwa uaminifu: "Anaachia shuti, lakini unagonga mwamba."

Kuhusu maneno matamu, mimi si adui yake. Mtambaa panya, kutinga kimiani, kuchana nyavu, beki kisiki: lugha ya kandanda imejaa utamu, na ingekuwa kame bila hayo. Ila yapo yanayobeba habari na yapo yanayokalia nafasi tu. "Kanzu" inaniambia mpira umepitishwa juu ya kichwa cha beki. "Tobo" inaniambia umepita katikati ya miguu yake. Neno moja, na picha imetimia. Sifa ndefu za mchezaji, alikozaliwa na timu alizopitia, zingoje mpira utoke au mtu alale chini akitibiwa. Tangazo la mdhamini nalo lingoje goli kiki. Kadhalika kukabidhiana kipaza sauti: mtangazaji anayempisha mwenzake wakati kona inapigwa hajui alichoshika mkononi.

Matokeo yatajwe, na yatajwe tena. Kila dakika kuna mtu anayewasha redio: ametoka msikitini, amepanda daladala, ameamka usingizini baada ya zamu ya usiku. Red Barber, mtangazaji mkongwe wa besiboli wa Marekani, aliweka mbele yake saa ya mchanga ya dakika 3, na mchanga ulipoisha alitaja matokeo na kuigeuza. Sijaona njia bora zaidi, na haihitaji umeme. Wewe msikilizaji tumia saa yako. Ukikaa dakika tano bila kujua nani anaongoza, mtangazaji amekusahau.

Ushabiki nao upo. Watani wa jadi wanapokutana uwanjani Kwa Mkapa, Yanga iliyoanzishwa mwaka 1935 na Simba iliyoanzishwa mwaka 1936, hakuna Mtanzania asiye na upande, na mtangazaji naye ni Mtanzania. Simdai asiwe na timu. Namdai kwamba hadi mapumziko nisiweze kuitaja. Timu ya taifa ni habari nyingine. Hapo anaruhusiwa kutetemeka pamoja nasi, mradi asiache kutuambia mpira uko wapi.

Wazee wetu waliujua uzito wa jambo hili kwa sababu hawakuwa na njia nyingine. Agosti 1979, Taifa Stars walipokwenda Ndola kurudiana na Zambia, Zanzibar ilikuwa na runinga lakini Bara haikuwa nayo, na haikuwa nayo hadi mwaka 1994. Bao la kusawazisha la Peter Tino, lililofanya mechi iishe 1-1 na kutupeleka fainali za Afrika za 1980 kule Nigeria, liliingia majumbani mwa watu wa Bara kupitia sikio. Baba yangu hakulishuhudia kwa macho, lakini aliweza kukueleza mpira ulivyokwenda kama mtu aliyekuwa nyuma ya goli. Timu yetu haikurudi kwenye fainali hizo hadi mwaka 2019, kwa hiyo kwa karibu miaka 40 nchi iliishi na kumbukumbu ambayo wengi waliipata redioni.

Mimi nilikuwa barazani kwa fundi Novemba 1993, Simba ilipoikaribisha Stella ya Abidjan katika fainali ya Kombe la CAF baada ya sare ya 0-0 ugenini. Simba ilifungwa 2-0 nyumbani. Nakumbuka mguu wa fundi ulisimama kwa bao la pili kabla mtangazaji hajalitamka. Sauti ilikuwa imeshashuka, taratibu, kama mtu anayebisha hodi kwenye nyumba ya msiba. Hakupiga kelele kwa bao la wageni, wala hakulificha. Alitupa mahali, mguu uliopiga, na dakika. Baada ya hapo alinyamaza kidogo akatuachia uwanja mzima, nao ulikuwa kimya. Ukimya ule redioni sijausahau. Kujua wakati wa kufunga mdomo ni nusu ya ufundi huu.

Uwanja ukisikika vizuri, unakusaidia pia kumnasa mtangazaji ambaye hayupo uwanjani. Vituo vingine hutangaza mechi za mbali kwa kutazama runinga studioni bila kumwambia msikilizaji. Kuna jioni nilidanganywa hivyo nusu saa nzima na kituo kimoja, hadi mtangazaji alipoanza kueleza faulo ambayo dakika moja nyuma alikuwa ameshaieleza. Kumbe kwenye skrini yake walikuwa wanairudia. Dalili ziko wazi ukizijua. Huyo hawezi kukuambia nani anapasha misuli nje ya mstari. Hajui mabeki wamesimama wapi mpira ukiwa upande wa pili, kwa kuwa kamera haiwaonyeshi. Na kelele za mashabiki hazibadiliki anapogeuza kichwa. Kazi ya studioni inaweza kufanywa vizuri, lakini isemwe ni ya studioni.

Mwaka 2025 ulituchukulia vigogo wawili wa ufundi huu. Februari alifariki Leonard Mambo Mbotela, mzaliwa wa Freretown, Mombasa, ambaye wengi wanamkumbuka kwa kipindi cha Je, Huu ni Ungwana? Wapenzi wa soka wa Kenya walimjua vilevile kwa mpira, na kwangu sifa yake kubwa ilikuwa matamshi: kila neno lilifika zima hata redio ikiwa inakoroma. Mei akafuata Charles Hilary, aliyepita Radio Tanzania, Radio One na BBC. Yeye alikuwa na ile ngazi ya sauti niliyoisema, na hakuipanda kabla ya wakati. Mwenye kanda zao azitunze.

Redio yenyewe haina mengi. Masafa ya kati hunaswa na kijiti cheusi kilichozungushiwa waya ndani ya redio, nacho hupokea mawimbi yanayokijia ubavuni kuliko yanayokijia nchani. Ndiyo maana kuigeuza redio mezani kunasafisha sauti, na fundi wetu aliigeuza hata mara kumi kwa mechi moja. Usiku masafa hayo hufika mbali zaidi, kwa kuwa tabaka la juu la anga huyarudisha ardhini. FM huenda mstari ulionyooka, kwa hiyo ukiwa bondeni panda kilimani. Kwenye simu, waya wa spika za masikioni ndio antena, unyooshe. Na ukitaka kuwa wa kwanza kushangilia mtaani, usisikilize kwa intaneti. Mawimbi ya kawaida yanakufikia papo hapo, king'amuzi kinakawia sekunde kadhaa, na intaneti inaweza kukawia nusu dakika.

Shule bora ya sikio ni uwanjani kwenyewe. Nenda na redio ndogo, sikio moja kwake na jingine kwa mashabiki, macho uwanjani. Utaona nani anakuambia unachokiona, nani anakuambia ulichokwisha kuona, na nani anakuambia kisichokuwepo.

Ukikosa nauli, fanya hivi siku watani watakapokutana tena. Usikae mbele ya runinga. Kaa na redio karibu na mtu anayefanya kazi ya mikono: kinyozi, msusi, mama anayemenya viazi vya chipsi, fundi cherehani kama yupo. Usiitazame redio, itazame mikono yake. Ikisimama kabla ya bao, shika jina la mtangazaji huyo, na umfuate kituo chochote atakachohamia.