Pongezi kwa Waliopanga Herufi

Kutoka hapa Ifakara nawapa mkono wa heko vijana wa Kiungani, Unguja. Mwaka 1888 misheni ya UMCA, ya Kianglikana, ilianza kuchapa Msimulizi huko Kiungani, miongoni mwa magazeti ya mwanzo kabisa ya Kiswahili. Hebu fikiria kazi ile! Herufi ya risasi, moja baada ya nyingine, imegeuka kama kwenye kioo, inapangwa kwa vidole vyeusi kwa wino mpaka ukurasa ujae. Habari zilitoka kwa walimu na wanafunzi wenyewe, kila mmoja akisimulia ya kituo chake. Mwaka 1910 Wabenediktini, wale wale wa misheni ya Kwiro, Mahenge, juu ya bonde letu, nao wakatoa gazeti lao, Rafiki Yangu. Hongereni sana, wazee wetu.