Mtanashati Aliyejua Kuanguka

Max Linder, mchekeshaji wa filamu zisizo na sauti, hakuhitaji matambara wala masizi usoni ili achekeshe. Alivaa vizuri kuliko kila mtu aliyekuwa kwenye picha: kofia ndefu ya hariri, glavu, kifimbo, masharubu yaliyopunguzwa kwa uangalifu. Kisha akaiacha dunia imvuruge, huku akiipigania heshima yake hadi dakika ya mwisho.

Itazame filamu yake *Max victime du quinquina* ya 1911. Daktari amemwandikia bilauri moja ya mvinyo wa kwinini, ila bilauri ya Max ni jitu la bilauri. Analewa chakari. Anagombana na wakubwa wa mji, na kila mmoja anamkabidhi kadi yake ya jina ili baadaye wakapigane. Polisi wakimkuta, wanaisoma kadi, wanadhani ndiye mkubwa mwenyewe, wanampigia saluti na kumsindikiza nyumbani kwa mwenye kadi. Mchekeshaji mwingine angepepesuka mtaa mzima. Linder anaigiza mlevi anayejitahidi asijulikane kuwa amelewa, jambo gumu zaidi, kwa maana kila hatua ina nia mbili ndani yake.

Alizaliwa Gabriel Leuvielle mwaka 1883 huko Saint-Loubès, karibu na Bordeaux, kwa wakulima wa zabibu. Alianzia kwenye jukwaa, na mwaka 1905 akaingia katika kampuni ya filamu ya Pathé. Filamu zilikuwa za dakika chache, hazina sauti, na kamera ikisimama palepale. Basi maneno yote ilibidi yasemwe na bega, kisigino na nyusi. Baadaye akaanza kujiongoza mwenyewe, na nadhani ndipo alipokomaa: alijua mwili wake unachukua muda gani kumaliza tendo, hakulikatisha.

Vita vya 1914 vilimharibia afya. Mwaka 1916 kampuni ya Essanay ilimwita Marekani azibe pengo lililoachwa na mchekeshaji Chaplin, ambaye mwenyewe alimwita Linder mwalimu wake. Safari hiyo haikufanikiwa. Alirudi tena Marekani, na mwaka 1921 akatoa *Seven Years Bad Luck*, ambayo kwangu ndiyo kilele chake.

Ndani yake, mtumishi wa Max amevunja kioo kikubwa. Ili bwana asijue, mpishi anavalishwa kama yeye na kusimamishwa ndani ya fremu tupu. Max anaamka na uchovu wa ulevi wa jana, anajitazama, anataka kunyoa ndevu. Akiinua mkono, mkono wa pili unainuka. Shaka inamwingia taratibu, na Linder haiharakishi hata kidogo: anajaribu ishara moja, anatulia, anajaribu nyingine ya hila zaidi. Anapoigundua hila yenyewe anarusha kiatu, kumbe kioo kipya kimeshawekwa. Mchezo huo wa kioo ulikuwepo kabla yake, na wachekeshaji ndugu wa familia ya Marx waliuchukua tena mwaka 1933, lakini sijaona aliyeipa shaka nafasi ya kukua namna hii.

Linder na mkewe walifariki Paris mwaka 1925, kifo cha kusikitisha sana, wakamwacha binti yao Maud akiwa bado mchanga. Filamu nyingi za baba yake zilikuwa zimetawanyika au kupotea. Maud alizitafuta kwa miaka mingi, na mwaka 1963 akaziunganisha tatu za Marekani kuwa filamu moja, *En compagnie de Max Linder*, iliyompeleka baba yake tena kwenye majumba ya sinema.