Chama cha Siri cha Tlön: Je, Borges Hana Ujumbe?

Tulipoijadili katika semina hadithi fupi ya Jorge Luis Borges, "Tlön, Uqbar, Orbis Tertius", mwenzetu mmoja alitoa hukumu: fani anayo, ujumbe hana. Wengi waliitikia kwa vichwa. Mimi siku ile nilinyamaza, na sasa najuta. Katika makala haya nitajaribu kuonyesha kwamba tulikosea, tena tulikosea kwa sababu ya mazoea yetu ya kuitenga fani na maudhui kama maji na mafuta.

Kwa faida ya asiyeisoma (nami nimeisoma kwa tafsiri ya Kiingereza ya James E. Irby, iliyomo katika Labyrinths ya 1962), kisa chenyewe ni hiki. Msimulizi na rafiki yake wanakuta katika nakala moja ya ensaiklopidia kurasa nne za ziada zinazoeleza nchi iitwayo Uqbar. Nakala nyingine hazina kurasa hizo. Baadaye msimulizi anapata juzuu zima linaloeleza sayari ya Tlön: lugha zake, falsafa zake, hata hesabu zake. Mwishowe siri inafichuka. Kuna chama kilichoanza karne ya 17 kwa nia ya kubuni nchi. Mwaka 1824 tajiri wa Kimarekani, Ezra Buckley, anakidharau kwa udogo wa nia hiyo: kama ni kubuni, ibuniwe sayari nzima, na jambo lenyewe lisitajwe popote. Mwaka 1914 washiriki 300 wanapelekewa juzuu la mwisho kati ya 40. Halafu vitu vya Tlön vinaanza kuonekana duniani: dira yenye herufi ngeni, koni ndogo yenye uzito usioelezeka. Magazeti yanashangilia, shule zinafundisha historia ya Tlön, na historia iliyokuwepo inafutika.

Sasa basi, hebu tujiulize: chama hiki kinashinda kwa nguvu gani? Hakina jeshi wala bunduki. Silaha yake ni kitabu kilichopangwa vizuri. Watu wanakipokea kwa sababu kina mpangilio, na dunia yao haina. Borges mwenyewe anataja mafundisho yaliyowavuta watu kwa mpangilio wa namna hiyo: Unazi, chuki dhidi ya Wayahudi, na uyakinifu wa kidialektiki. Najua hili la tatu linawauma wengi wetu tuliolelewa na uhakiki wa Kimaksi. Linaniuma hata mimi, kwani kuliweka pamoja na Unazi si haki. Lakini mtu anayetaja mambo hayo hawezi kuambiwa eti hana ujumbe. Tunaweza kuukataa ujumbe wake, siyo kudai haupo.

Tuje kwenye fani. Hadithi hii ilitoka katika jarida la Sur huko Buenos Aires mwezi Mei 1940, mwezi uleule Ujerumani ilipozivamia Ufaransa na majirani zake. Sehemu yake ya mwisho, ile inayoeleza ushindi wa chama, imeandikwa tarehe ya mwaka 1947. Yaani msomaji wa 1940 alikuwa ameshika mkononi habari ya miaka saba ijayo, imechapwa kana kwamba imekwisha kutokea. Katika semina tuliiita mbinu hii "mchezo". Kwangu mimi huo si mchezo. Chama kinachochezea wakati ndani ya hadithi kinamchezea msomaji nje ya hadithi, naye anakubali bila kushtuka. Hapo fani ndiyo maudhui yenyewe.

Kuna jambo jingine. Huko Tlön kitu kilichopotea kinaweza kupatikana mara mbili: wa kwanza anakipata, na wa pili naye anakipata kingine, kinacholingana zaidi na matumaini yake. Wafungwa wanaahidiwa uhuru wakichimbua vitu vya kale, wanashindwa. Baadaye wanafunzi wanachimba na kutoa kinyago cha dhahabu na upanga. Kwa njia hiyo wakati uliopita unafinyangwa kama udongo.

Sisi wa pwani hii tunaufahamu ufinyanzi huo. Kwa miaka mingi vitabu vya wakati wa ukoloni vilifundisha kwamba miji ya mawe ya Waswahili ilijengwa na wageni waliovuka bahari. Wengi waliochimba walikuwa na jibu tayari, na waliliona jibu hilo. Lakini uchimbaji wa Shanga, katika kisiwa cha Pate, miaka ya 1980, ulionyesha msikiti wa mbao wa karne ya 8, na mji uliokua palepale kutoka nyumba za miti na udongo hadi za mawe. Udongo ulikataa kusema ilivyotarajiwa.

Na hapa ndipo ninapoiona kasoro kubwa ya Borges. Katika hadithi yake hakuna udongo unaokataa. Hakuna mwalimu anayegoma, hakuna mzee anayesema "sivyo ilivyokuwa". Watu wa kawaida ni mkumbo tu. Msimulizi mwenyewe, anayeijua siri yote, anajifungia hotelini akirekebisha tafsiri ya kitabu cha Thomas Browne ambayo hana nia ya kuichapisha. Wenzangu walimwita mtoro, nami nakubali kuwa ni mtoro. Ila wao walidhani kwamba utoro wa msimulizi ndio msimamo wa mwandishi. Mimi naona mwandishi amemweka pale tumwone: msomi anayejua uongo umeshinda, ana kalamu mkononi, na kalamu hiyo anaitumia kwa jambo lisilomgusa mtu.

Kwa hiyo naurudia msimamo wangu. Ujumbe upo, na unatuhusu sisi tunaoishi kwa vitabu kuliko watu wengine: chama cha siri kinahitaji mamia ya waandishi, lakini kinahitaji zaidi wasomaji wasiouliza zile kurasa nne zimetoka wapi. Anayepinga na aandike.