Ungamo Mbele ya Kamera

Kipindi cha Keeping Up with the Kardashians kilianza kuonyeshwa Marekani tarehe 14 Oktoba 2007 kwenye chaneli ya E!, kikaendelea kwa misimu 20 hadi Juni 2021. Mwaka uliofuata familia ileile ikahamia Hulu na kipindi kingine kiitwacho The Kardashians. Washarika wengi wamekiona kwa king'amuzi sebuleni, au wameona vipande vyake kwenye simu za vijana wao. Ambao hawajakiona wamesikia majina. Vipindi vya namna hii si vigeni kwetu: nchi nzima ilishangilia Richard aliposhinda Big Brother Africa mwaka 2007 na Idris Sultan alipofuata mwaka 2014. Nataka kukihakiki kipindi hiki kama mtu anavyohakiki kitabu, kwa kuwa wako vijana waliojifunza habari za ndoa kutoka humo kwa saa nyingi kuliko walizokaa darasa la kipaimara.

Sisi wachungaji tukikitaja mimbarani kwa kawaida tunakemea nguo. Nadhani hapo tunapiga pembeni. Nguo zitapitwa na wakati zenyewe. Kinachonisumbua zaidi ni kiti.

Aliyewahi kutazama atakikumbuka. Katikati ya tukio, picha inakatwa na mhusika anaonekana amekaa peke yake, amepambwa vizuri, anaitazama kamera na kueleza moyo wake: alivyoumia, alivyodanganywa, asivyojua kama atasamehe. Watu wa kazi hiyo waliazima jina la kiti hicho kanisani. Wanakiita kwa neno lilelile ambalo Wakatoliki wanaosema Kiingereza wanalitumia kwa mahali pa kuungamia. Basi, kwa kuwa wameazima kwetu, tunayo haki ya kuuliza walichukua nini na waliacha nini.

Katekisimo Ndogo ya Luther inafundisha kwamba maungamo yana sehemu mbili. Ya kwanza, mtu anaungama dhambi zake. Ya pili, anapokea ondoleo, na analipokea kama lililotoka kwa Mungu mwenyewe bila shaka yoyote. Luther aliipenda ile sehemu ya pili kuliko ya kwanza. Na yule anayesikia ungamo amefungwa mdomo. Aliyoyasikia anakwenda nayo kaburini. Katika kiti cha runinga, sehemu ya kwanza ipo tena imekuzwa, ya pili haipo kabisa. Hakuna anayejibu. Anayesikia ni mtayarishaji aliye nyuma ya kamera, naye kazi yake ni kuuliza swali litakalotoa chozi, kisha kulipeleka chozi hilo kwa mhariri wa picha. Mara nyingi maneno hayo hurekodiwa majuma kadhaa baada ya tukio, ndiyo maana nywele na nguo hazifanani na za mchana ule. Mtu anaulizwa auhisi tena uchungu uliokwisha kupoa. Mkristo akifanyiwa hivyo na mchungaji wake atahama usharika, na atakuwa na haki.

Ndoa ya Kim Kardashian na Kris Humphries, mchezaji wa mpira wa kikapu, inaonyesha jinsi kiti hicho kinavyoiendesha saa. Walioana Montecito, California, tarehe 20 Agosti 2011. Harusi ikarushwa kwa sehemu mbili, tarehe 9 na 10 Oktoba. Tarehe 31 Oktoba mke akafungua shauri la talaka. Siku 72 tu. Mwishoni mwa Novemba ukaanza kuonyeshwa msimu uliorekodiwa wakati wakiwa bado mume na mke, na watazamaji wakaketi kumtafuta mkosaji katika ndoa waliyokwisha kujua kuwa imekufa. Humphries aliiomba mahakama iitangaze ndoa hiyo kuwa batili kwa madai ya udanganyifu, na jambo likaburuzwa hadi 2013. Sitakaa sana hapo. Sidhani kuna mengi ya kujifunza kutoka kwa siku 72, isipokuwa kwamba harusi ilikuwa imechukua muda mrefu kuandaliwa kuliko ndoa yenyewe, na hilo hata hapa kwetu, kwa kamati zetu za harusi na kadi zetu za michango, hatuna ujasiri wa kulicheka.

Habari ya Khloé, mdogo wake Kim, na Lamar Odom ndiyo iliyonifanya niandike.

Odom alikuwa mchezaji wa Los Angeles Lakers. Alitwaa nao ubingwa wa NBA mwaka 2009, mwaka uleule ambao kijana wetu Hasheem Thabeet alichaguliwa wa pili katika mgawanyo wa wachezaji wapya wa ligi hiyo, na akautwaa tena mwaka 2010. Mwaka 2011 alipewa tuzo ya mchezaji bora wa akiba. Alimwoa Khloé tarehe 27 Septemba 2009, mwezi mmoja hivi baada ya kukutana, nayo harusi ikawa kipindi. Mwaka 2011 wakapewa kipindi chao wenyewe, Khloé & Lamar, kikaenda misimu miwili. Ukikitazama utaona nyumba kubwa, utani wa mume na mke, ndugu wanaoingia na kutoka. Utaona pia mwanamke anayempenda mume wake kweli; sina sababu ya kulitilia shaka hilo.

Ambacho huoni ni dawa za kulevya. Katika kitabu alichokitoa mwaka 2019, Odom mwenyewe alieleza wazi matumizi yake ya kokeini na jinsi alivyokosa uaminifu katika ndoa ile. Khloé naye amesema hadharani kwamba kwa muda alikuwa akimfunika. Kwa hiyo kamera ziliishi ndani ya nyumba, mafundi wakapanga taa chumba kwa chumba, na jambo kubwa kuliko yote lililokuwa likiibomoa ndoa halikuwa kwenye picha. Hapo ndipo kipindi kinaposhindwa kwa kipimo chake chenyewe. Kinaahidi kuonyesha maisha halisi. Lakini maisha halisi yana aibu, na aibu hujificha hata kwa anayelala kitanda kimoja nawe, sembuse kwa mtu wa kamera.

Desemba 2013 Khloé aliomba talaka. Tarehe 13 Oktoba 2015 Odom alikutwa amepoteza fahamu ndani ya danguro huko Crystal, Nevada, akakimbizwa hospitali Las Vegas akiwa kati ya uhai na kifo. Talaka ilikuwa bado haijakamilika. Kisheria Khloé alikuwa bado mke, hivyo madaktari walipohitaji mtu wa kuamua juu ya mwili ule, aliyeamua ni yeye. Alisimamisha shauri la talaka, akakaa kando ya kitanda, akashughulikia matibabu mpaka mtu yule akajifunza tena kutembea na kusema. Talaka ilikamilika Desemba 2016.

Nimewafungisha watu ndoa kwa miaka mingi, na kila mara wanaahidi mambo ya afya na ugonjwa huku wakitabasamu kwa mpiga picha. Huyu mwanamke alikitimiza kiapo hicho kwa mume aliyeokotwa mahali ambapo mke yeyote angekuwa na ruhusa ya watu wote ya kutokwenda. Tunamsoma nabii Hosea aliyetumwa kumrudisha Gomeri, tunasema huo ni mfano wa upendo wa Mungu. Ila mwanamke anapofanya linalofanana na hilo, na jina lake ni Kardashian, tunatafuta kilichomsukuma: fedha, au kipindi. Amri ya nane inatutaka kumtetea jirani na kuyatafsiri matendo yake kwa upande ulio mwema. Sioni mahali ilipoandikwa kwamba mastaa wametolewa.

Tena magazeti ya udaku ya huko yana msemo wao: laana ya Kardashian. Kwamba mwanamume akiingia katika familia ile, mchezo wake unaporomoka. Mtu ataleta ushahidi wa Odom, aliyehamishiwa Dallas Desemba 2011 na hakurudi tena kuwa yule wa zamani. Tutazame basi. Mama yake alikufa kwa saratani yeye akiwa na miaka 12. Baba yake alikuwa mtumwa wa heroini. Alilelewa na bibi. Mwaka 2006 mwanawe mchanga, Jayden, alifariki usingizini. Yote hayo yalikuwa yamempata kabla hajamjua Khloé. Msiba wa namna hiyo hauondolewi na pete ya ubingwa, wala hauletwi na mke. Wanafunzi walimwuliza Yesu habari za kipofu tangu kuzaliwa, ni nani aliyetenda dhambi, yeye au wazazi wake, naye hakukubali swali lenyewe. Wanaosema laana wamelirudia swali lile, tofauti ni kwamba wameongeza jibu: ni mwanamke. Jibu hilo tunalo hata vijijini kwetu. Mume akifilisika, mke ana mkosi.

Wako wasomaji watakaosema kwamba Samsoni naye aliangushwa na Delila. Vema, twende Waamuzi 16. Samsoni ndiye mwanamichezo wa Biblia, kama tunaweza kusema hivyo: mwili wa ajabu na moyo usiotawaliwa. Mahubiri yote niliyoyasikia juu ya sura hiyo yalimhusu Delila na wembe. Lakini isomwe taratibu. Wapo wakuu wa Wafilisti, ambao kila mmoja aliahidi vipande elfu na mia vya fedha ili siri ya chumbani itolewe nje. Hao ndio watayarishaji. Bila fedha yao hakuna kisa. Na mwishoni, Samsoni akiwa amepofushwa, wanamtoa gerezani awachezee, na juu ya paa la nyumba ya Dagoni wako watu kama elfu tatu, wanaume kwa wanawake, wanatazama. Biblia imehesabu watazamaji. Sijawahi kusikia mahubiri juu ya paa lile, ingawa liliposhuka halikuchagua kati ya waliolipa fedha na waliokuja kutazama tu.

Paa hilo lina uzito wake. Mwaka 2012 Evelyn Lozada, aliyejulikana kupitia kipindi cha Basketball Wives cha chaneli ya VH1, aliolewa tarehe 4 Julai na Chad Johnson, mchezaji wa mpira wa miguu wa Kimarekani. Kipindi chao kilikuwa kinaandaliwa. Tarehe 11 Agosti mume akakamatwa kwa tuhuma ya kumpiga mkewe kwa kichwa, na mahakamani hakulipinga shtaka. Timu ilimwacha, VH1 wakakifuta kipindi, ndoa ikavunjika kabla Septemba haijaisha. Nawasifu VH1 kwa kukifuta. Ila Basketball Wives yenyewe, ambamo wanawake walirushiana chupa na maneno ili tutazame, iliendelea. Kumbe mpaka uliowekwa ni damu. Majeraha mengine yote yalikuwa halali kuuzwa.

Khloé alipata baadaye mtoto na mchezaji mwingine, Tristan Thompson. Habari za usaliti wa Thompson zilienea duniani Aprili 2018, siku chache tu kabla binti yao hajazaliwa tarehe 12. Wakaachana na kurudiana. Msimu wa kwanza wa kipindi cha Hulu, mwaka 2022, unafungwa na habari ya mtoto mwingine wa Thompson nje ya uhusiano huo. Dada mtu anaisoma habari kabla ya mwenyewe, anampigia simu, na kamera inazunguka. Nilikitazama kipande hicho mara mbili, na mara ya pili nilikizima kabla ya simu kupokelewa. Kama sanaa, ni kipande chenye nguvu kuliko tamthilia nyingi, maana sauti ya mtu anayepigwa na habari mbaya haiigizwi. Ndiyo hasa sababu haikupaswa kuwa yetu.

Sasa nirudi nyumbani. Wengi wetu tumekulia katika sharika ambamo binti aliyepata mimba nje ya ndoa husimama mbele ya kanisa Jumapili ili arudishwe kundini. Najua tofauti yake na runinga: pale mbele mchungaji hutamka neno la msamaha, na neno hilo ni kweli. Lakini tazama mabenchi siku hiyo. Shingo zinanyooka. Watu ambao hawajaonekana mwezi mzima wamekuja. Ibada ikiisha, kabla mnada wa mavuno haujaanza pale nje, habari iko kwenye kundi la WhatsApp la kwaya, nayo haitaji ondoleo. Na mara nyingi kijana aliyempa mimba hayupo, au yupo benchi la nyuma na shati lake jeupe.

Ziko sharika zinazopokea toba ya namna hiyo ofisini, mbele ya mchungaji na wazee wawili wa kanisa, kijana naye akiitwa. Wapo wanaopinga wakisema huko ni kuficha dhambi, kwamba kusimama hadharani ni fundisho kwa mabinti wengine. Ninaowafahamu wanaosema hivyo ni watu wazuri, tena ndio wanaowakataza watoto wao kutazama Kardashian. Wakija barazani mwakani na hoja hiyo, nitawaomba kwanza wanitajie kijana mmoja ambaye wamewahi kumsimamisha.