Mkato wa Kiberiti: Kazi ya Anne V. Coates

Waendao sinema huwataja wachezaji na mwongozaji. Ni nadra wamtaje mhariri, ambaye kazi yake ni kuchagua, kukata na kuunga vipande vya ukanda. Ustadi wake una taabu hii, kwamba aghalabu ukifaulu hauonekani. Yafaa tuupime kwa mfano.

Anne V. Coates alizaliwa Uingereza mwaka 1925, akawa muuguzi kabla ya kuingia katika kazi ya filamu. Mwaka 1962 ilitoka Lawrence of Arabia, iliyoongozwa na David Lean, naye Coates akapata tuzo ya Oscar kwa kuihariri. Ndani yake mna mkato mashuhuri: Lawrence, akiwa ofisini Cairo, apuliza njiti ya kiberiti inayowaka, papo hapo twaona upeo wa jangwa na wekundu wa alfajiri, jua lisijachomoza.

Mkato huo haukukusudiwa. Ilipangwa picha ya kwanza iyeyuke polepole ndani ya ya pili. Lakini siku zile myeyuko ulitengenezwa maabara. Katika nakala ya kazi vipande viliungwa tu na kutiwa alama. Coates na Lean walipoitazama nakala hiyo, waliona muungano mkavu una nguvu kuliko myeyuko. Lean alimwagiza aukamilishe. Naye, kwa masimulizi yake mwenyewe, aliondoa fremu mbili tu, yaani sehemu ya 12 ya sekunde.

Yuko atakayesema kuwa basi sifa ni ya bahati. Sikubali. Sadfa ilivikutanisha vipande viwili, lakini haikuweza kujua thamani yake. Wangapi wangaliuona mkato ule kuwa ni upungufu wa nakala isiyokwisha, wakaupeleka maabara kama ilivyopangwa?

Washairi wetu walijua jambo hili zamani. Katika mshororo wa mizani 16, kituo kilicho baina ya ukwapi na utao hakina neno. Hata hivyo kikisogezwa mizani moja, mshororo wote huchechemea. Ndivyo ulivyo mkato huu. Moto mdogo umezimwa, moto mkuu wangojewa, na maana imo katikati, pasipo picha. Myeyuko ungalitueleza, mkato watuachia tutambue wenyewe.

Wala ustadi huo haukuwa wa siku moja. Katika Out of Sight ya mwaka 1998, Coates alisuka mazungumzo ya baa pamoja na mambo ya chumbani yatakayofuata, hata maneno ya sasa yakasikika juu ya matendo ya baadaye. Hapo mikato ni mingi, nayo yaonekana wazi. Ni kinyume cha utulivu wa jangwa, lakini sikio ni lile lile.

Coates alipewa Oscar ya heshima mwaka 2016, akafariki mwaka 2018. Mhakiki asifuye alfajiri ile kwa jina la Lean peke yake hajasema uongo, ila amesoma ukwapi akaacha utao.