Mshika Maikrofoni

Katika filamu za Frederick Wiseman, Mmarekani aliyefundisha sheria kabla ya kuingia kwenye sinema, hakuna msimulizi, hakuna mahojiano, wala muziki wa kupachikwa. Kuna watu na shughuli zao tu.

Aliyerekodi sauti alikuwa yeye mwenyewe. Maikrofoni mkononi, alimwelekeza mpiga picha kwa ishara, bila kujua nani angesema nini dakika iliyofuata. Kisha alijifungia miezi mingi kuchambua na kuhariri alichonasa. Hapo ndipo palipokuwa na kazi hasa: kuamua mazungumzo yapi yaachwe yaende hadi mwisho, hata yakimchosha mtazamaji.

"Titicut Follies" (1967) iliwaonyesha wafungwa wenye maradhi ya akili katika hospitali ya Bridgewater, Massachusetts, wakivuliwa nguo na kudhihakiwa na walinzi. Mahakama iliizuia; umma uliruhusiwa kuiona mwaka 1991. Bila yeye kusimama mle ndani, nani angewaona watu wale?

Hakuacha. Aliingia shuleni, hospitalini, maktaba ya New York. Katika "Welfare" (1975), waombaji wa msaada wanatumwa dirisha hili, kisha lile, karatasi mkononi. Makarani nao wamechoka, na wanapewa nafasi ileile ya kusikika.